Herufi Kumi na Tatu

Daktari wa upasuaji alilitamka lile neno mara moja tu, tena haraka, macho yake yakiwa kwenye kadi na si kwa mgonjwa. Lilikuwa neno refu la kigeni, na mwisho wake ulisikika kama "noma". Fundi friji, aliyekuwa ameketi ukingoni mwa kiti akiwa amepakata mkoba wa mkewe, alidhani amesikia vibaya.

"Samahani daktari, ni noma gani?"

"Adenocarcinoma. Ni saratani, mzee. Lakini tumeiwahi. Jumatano ijayo tutaliondoa titi la kushoto, kisha tutaangalia na kwapani."

"Lote?" mkewe aliuliza.

"Lote, mama."

Daktari hakuwa mtu mbaya. Nje ya mlango wake kulikuwa na watu thelathini na wawili, na alikuwa ameshagundua kwamba habari kama ile, ukiirefusha, hairahisiki. Alimpa yule mama bahasha yenye karatasi ya maabara na kadi ya kulazwa, akamwambia asile chochote kuanzia Jumanne jioni, akamwita anayefuata.

Mwanamke aliyeambiwa hayo alikuwa msomaji prufu katika kiwanda kidogo cha uchapaji. Kwa miaka kumi na tisa alikuwa amesoma, herufi kwa herufi, kila kitu kilichopita pale kabla hakijaingia mashineni: vitabu vya shule, kalenda, kadi za harusi, maelekezo ya dawa za mifugo. Wenzake kazini walimwita Koma. Kwanza ni kwa sababu ya zile alama alizowarudishia kwa kalamu nyekundu. Pili ni kwa sababu hilo hasa ndilo neno walilotamani kumwambia kila aliporudisha ukurasa uleule kwa mara ya nne. Jina likamganda. Hata mumewe alilitumia alipotaka kumchokoza.

Siku ile ya Ijumaa hakumchokoza. Walishuka ngazi za hospitali wakiwa wameshikana mikono, jambo ambalo hawakuwa wamelifanya barabarani tangu binti yao azaliwe. Bahasha ilikuwa mkobani. Koma, ambaye asingeweza kupita tangazo la dawa ya panya bila kulisoma mpaka mwisho, hakuifungua.

Jumamosi asubuhi wifi yake alifika na mabegi mawili. Alikuwa dada mkubwa wa fundi friji, matroni wa bweni la wasichana, mwanamke aliyezoea kuamsha watu mia mbili kwa kengele moja. Alipenda kwa nguvu na alisaidia kwa nguvu. Kabla ya saa nne alikuwa ameshabadilisha mashuka, amehamisha jiko, na amemwondoa Koma kwenye karo la vyombo kwa kumshika mabega.

"Kaa chini, wifi."

"Naosha vikombe tu."

"Vikombe vina wenyewe. Wewe sasa ni mgonjwa."

"Mkono wangu hauumwi, wifi yangu."

"Leo hauumwi."

Alimtengea kikombe chake, sahani yake na kijiko chake, akaviweka kwenye rafu ya peke yake. "Si kwamba inaambukiza," alieleza, ingawa hakuna aliyemuuliza. Kisha akafungua mlango kwa majirani. Walikuja wawiliwawili, wakakaa kwenye kochi, wakasema pole. Kila mmoja alianza kwa kumtazama Koma usoni, na kila mmoja, katikati ya mazungumzo, macho yalimteleza yakashuka mpaka kifuani, yakapanda tena upesi. Alipochoka kutazamwa alivaa sweta, ingawa kulikuwa na joto.

Jumapili, akitoka kuoga, alimsikia wifi yake jikoni akizungumza na kaka yake kwa sauti aliyodhani ni ya chini.

"Huyu mtoto nitamchukua muhula ujao. Ana miaka kumi na mitano, huo ndio umri wa kuharibika. Wewe utakuwa na mgonjwa, utamwangalia saa ngapi?"

"Dada, mama yake yupo."

"Sijasema hayupo. Nasema tujipange."

Koma alisimama koridoni na taulo mabegani. Alipogeuka alimkuta binti mwenyewe mlangoni mwa chumba chake, naye amesikia. Binti alimshika mama yake mkono, akamwingiza chumbani, akaanza kumchana nywele taratibu, kazi ambayo kwa kawaida ilikwenda kinyume chake.

Jumatatu Koma alivaa akaenda kazini. Alidhani akikaa na kurasa zake kichwa kitatulia. Meneja alimwahi mlangoni, akamshika mkono kwa mikono miwili.

"Mama, ungepumzika. Afya kwanza. Kazi ipo, haikimbii."

"Nimekuja kumalizia kile kitabu cha sayansi."

"Tumeshampa mwenzako amalizie."

Karani wa stoo alikuwa ameketi kwenye kiti cha Koma karibu na dirisha. Mto wake wa kukalia ulikuwa umewekwa juu ya mabunda ya karatasi kando ya mlango, ukisubiri aubebe. Hakuna aliyekusudia kumwumiza. Walikuwa wameshauriana wakaona ni wema. Koma aliuchukua mto, akawaaga mmoja mmoja, na alipopita nyuma ya karani macho yake yakafanya yaliyoyazoea.

"Mstari wa sita, neno la tatu," alisema. "Umeacha herufi."

Karani alitazama, akaona, akainamisha kichwa.

Jioni ile fundi friji aliketi mezani kujaza fomu ya ruhusa. Kampuni aliyoifanyia kazi ilitaka kila kitu kwa maandishi: mgonjwa ni nani, ni nani wako, anaumwa nini. Alitoa karatasi ya maabara kwenye bahasha, akaifungua mbele yake, akanakili jina la ugonjwa polepole, ulimi umebanwa kwenye meno. Mwandiko wake ulikuwa wa mtu aliyezoea kuandika kwa chaki juu ya mabomba. Alipomaliza aliisukuma fomu upande wa mkewe.

"Hebu nitazamie kama nimelipatia hili jina lao. Wasije wakanirudishia."

Koma alikuwa ameketi na kikombe chake cha peke yake. Aliitupia jicho fomu bila hamu.

"Umekosea. Daktari alisema kasinoma. Hii siyo."

"Nimekosea vipi? Nimenakili humu humu. Herufi kwa herufi, kama ulivyonifundisha."

"Wapi?"

"Hapa." Aliweka kidole chake chenye kovu katikati ya ukurasa.

Ndipo Koma alipoivuta karatasi kwake. Haikuwa rahisi, mkono ulikwenda, ukasita, ukaenda. Lugha ile ya kitaalamu hakuijua vizuri. Alikuwa ameisahihisha kwa miaka kumi na tisa bila kuielewa, kama mtu anayeweza kuhesabu watu mlangoni bila kuwajua majina. Aliweka rula ya binti yake chini ya mstari wa kwanza, akaanza kushuka. Kulikuwa na kichwa kilichoandikwa Maelezo, na chini yake aya mbili. Chini kabisa kulikuwa na kichwa kingine, Hitimisho, na neno moja. Aligusa kila herufi kwa ncha ya penseli, midomo ikicheza.

"Unahesabu nini?" wifi yake aliuliza kutoka jikoni.

"Kumi na tatu," Koma alisema. "Na hapa, kumi na tatu. Hapa chini, kumi na nne."

"Kumi na nne nini?"

"Herufi. Kwenye maelezo wameandika adenofibrosis, mara mbili. Kwenye hitimisho wameandika adenocarcinoma. Yanaanza sawa, halafu kila moja linakwenda njia yake. Mtu akichoka husoma mwanzo wa neno, mwisho akaujaza mwenyewe."

Fundi friji alisimama, akaja nyuma ya kiti chake. "Sasa lipi ndilo?"

"Sijui. Sijui maana ya hata moja. Najua tu si neno moja, na yote mawili yanadai kuwa mimi."

Wifi yake alitoka jikoni akijifuta mikono. Alivuta kiti, akakaa mbele yake, na kwa mara ya kwanza tangu Jumamosi sauti yake ilikuwa ya chini kweli.

"Wifi, nisikilize. Baba yetu naye alikataa. Akasema ni uchovu, akasema ni jino, akasema mashine yao mbovu. Mwaka mzima. Tulipomrudisha hospitali walituuliza tulikuwa wapi. Sitaki kuulizwa tena. Kesho kutwa ni siku yako. Usijipe matumaini ya karatasi."

"Sikatai ugonjwa, wifi. Wakinionyesha kwamba ndilo neno langu, Jumatano nitapanda kitanda chao mwenyewe. Lakini ukurasa huu ungekuja mezani kwangu, usingetoka."

Wifi alimtazama kaka yake, akitafuta msaada. Kaka yake alikuwa ameshachukua fomu, akaikunja katikati, akaitia mfukoni.

"Saa moja asubuhi tutakuwa pale," alisema.

Nesi wa dirisha la mapokezi alikuwa peke yake siku hiyo kwenye madirisha mawili. Alimsikiliza Koma kwa nusu sikio, nusu nyingine ikiwa kwenye simu.

"Una miadi?"

"Kesho ndiyo napasuliwa. Leo nimekuja kuonyesha kosa kwenye karatasi."

"Kosa gani?"

"La neno."

Nesi aliweka simu chini. "Mama, wewe ni daktari?"

"Hapana."

"Nesi?"

"Hapana."

"Unafanya kazi maabara?"

"Mimi ni msomaji prufu."

"Msomaji nini?"

Mtu mmoja kwenye foleni alicheka. Koma alihisi masikio yakimwaka. Alirudia, akaongeza kwamba ni kazi ya kiwanda cha uchapaji, na ndivyo mambo yalivyozidi kuharibika, maana sasa walicheka watatu.

"Kila siku kuna anayeniletea kosa," nesi alisema, bila ukali, kwa uchovu tu. "Jana mzee mmoja aliniambia damu yake haiwezi kuwa ya kundi lile kwa sababu kwao hawako hivyo. Daktari yuko chumba cha upasuaji mpaka saa tisa. Kaa pale."

Walikaa pale. Saa moja ikawa saa tatu. Koma hakuwa mtu wa kugombana. Maisha yake yote alikuwa amegombana kwa kalamu tu, na kalamu haimtazami mtu usoni. Lakini alipoona saa ya ukutani inakwenda saa nne, aliinuka, akajinyoosha sketi.

"Unakwenda wapi?" mumewe aliuliza.

"Kwa aliyeandika."

Maabara ilikuwa chini, mwisho wa korido refu lililonuka spiriti. Mlango uliandikwa USIINGIE, na kando yake kulikuwa na kidirisha. Nyuma ya kidirisha aliketi karani mwenye shati lililopigwa pasi upande wa mbele tu. Alisikiliza mpaka mwisho, akatikisa kichwa.

"Majibu yanatoka kwenye kompyuta, mama. Kompyuta haikosei."

"Haikosei. Lakini kuna mtu anayeibonyeza."

"Malalamiko ni ofisi ya juu."

"Sina malalamiko, mwanangu. Naomba kitu kimoja tu, sitakusumbua tena. Nisomee neno hili kwa sauti." Aliipitisha karatasi kidirishani, kidole kikiwa katikati ya ukurasa. "Halafu nisomee na hili la chini."

Karani alitaka kukataa. Lakini mwanamke yule aliomba kwa adabu mno, na nyuma yake mwanamume mkubwa mwenye mikono ya grisi alikuwa ameikunja kofia yake mpaka ikawa kama tambara. Akavuta karatasi.

"Adenofibrosis," alisoma. Akashuka chini. "Adenocar..."

Hakumaliza. Alirudi juu, akashuka tena. Kisha akavuta daftari kubwa lenye jalada gumu, akalifungua, akapeleka kidole kwenye safu ya namba. Wote wawili, Koma na mumewe, walikiona kile kidole kikisimama, kikiteremka mstari mmoja, kikapanda tena.

"Nisubirini," alisema, na sauti yake ilikuwa imebadilika.

Aliyetoka baada ya hapo alikuwa daktari wa maabara mwenyewe, mama mfupi mwenye miwani mbili, moja puani na moja kichwani. Hakusalimia kwanza. Alisoma karatasi yote akiwa amesimama, ndipo akainua macho.

"Nani ameliona hili?"

"Mimi."

"Umesomea wapi?"

"Kiwandani."

Daktari alimtazama sekunde kadhaa, akaingia ndani na karatasi. Walikaa kwenye benchi dakika arobaini. Friji ya maabara iliyowekwa pale koridoni ilikuwa ikinguruma vibaya, na kwa mara ya kwanza maishani mwake fundi hakuisikia.

"Ingieni," daktari alisema hatimaye. "Kaa, mama."

"Nitasimama."

"Kaa tu. Ni habari njema." Akangoja mpaka akae. "Nimetazama upya kipande kilichokatwa titini mwako, na vya akiba viwili. Namba zilizochongwa kwenye vioo vilivyovibeba ni zako. Huna saratani. Maelezo ya katikati niliyaandika mimi, na ni yako kweli. Hitimisho hunakiliwa na karani kutoka kwenye daftari langu, na hapo ndipo mstari uliporuka. Hili neno la chini si lako."

Fundi friji aliinuka. Akampa daktari mkono. Akampa karani mkono. Kisha, kama mtu aliyesahau yuko wapi, akampa mkono na mkewe.

Koma aliupokea, akaushika, lakini uso wake ulikuwa kwa daktari.

"Na hili la katikati maana yake nini?"

"Maana yake hutapasuliwa kesho."

"Nimekuelewa, daktari, na ninashukuru. Nauliza maana ya neno lenyewe. Nimekaa na neno la mtu siku tano. La kwangu nataka kulijua."

Daktari alicheka, akageuza karatasi, akaandika neno upya kwa herufi kubwa na kulikata vipande kwa mistari.

"Adeno ni tezi. Titi lina tezi, zile za maziwa. Fibro ni nyuzi. Mwilini tuna nyuzi zinazoshikilia nyama isilegee, zipo kwa kila mtu. Na hiki kipande cha mwisho, osis, ni hali tu. Basi ni hali ya nyuzi kuzidi ndani ya tezi. Zinakaza, ndiyo maana ukijishika unakuta kigumu, na pengine kinauma ukikaribia siku zako."

"Kinauma kweli."

"Wengine huligeuza, huandika fibroadenosis. Ni kitu kilekile. Na kuna fibroadenoma, ambacho ni kidonge kimoja kinachojitenga. Nacho hakina ubaya, ingawa watu wakisikia oma wanaanza kulia. Oma ni uvimbe tu. Ubaya uko kwenye kile kilichoitangulia, kama carcin, saratani yenyewe." Alisimamisha kalamu. "Tutakutazama kila miezi sita. Ukishika kitu kipya, unakuja siku hiyohiyo. Njoo uone."

Alimwinamisha kwenye hadubini. Koma aliona rangi ya waridi, na mistari mingi iliyopinda ikizunguka vitundu vidogo. Hakuelewa chochote, na alisema hivyo. Lakini alitazama kwa muda mrefu, maana alikuwa yeye.

"Twende nyumbani," mumewe alisema. Alikuwa ameshashika mkoba.

Koma hakuinuka.

"Daktari, hili neno la chini limetoka wapi?"

Aligeuza karatasi, akaweka kidole kwenye hitimisho.

"Kwetu kiwandani mstari ukiruka hauruki peke yake," aliendelea. "Neno likipanda kwenye mstari wa juu, mara nyingi la juu nalo limeshuka. Hili ni la mtu, daktari. Mtu huyo amepewa nini?"

Daktari alikuwa ameshamgeukia karani. Lilikuwa jambo ambalo angelifikia mwenyewe, pengine baada ya saa moja, pengine jioni. Alikiri hivyo baadaye. Karani alifungua daftari.

"Namba inayofuata. Mwanamke, miaka arobaini na moja. Alichukua majibu Ijumaa ileile."

"Yanasemaje?"

"Adenofibrosis," alisema kwa sauti ndogo. "Arudi baada ya miezi sita."

Alikaa chini kwenye kiti ambacho hakikuwa chake. Fundi friji, aliyekuwa amejiandaa tangu asubuhi kumshika mtu shati, alimtazama akaona hakuna wa kumshika. Karani hakuwa akiifikiria kazi yake. Alikuwa akihesabu miezi sita kwenye vidole.

Koma alisogeza kiti mpaka magoti yao yakakaribia kugusana.

"Mimi niliwahi kuacha sifuri moja izidi kwenye kipimo cha dawa ya ng'ombe," alimwambia. "Vijitabu vilikuwa vimeshafungwa, viko kwenye gari. Niliiona nikiwa nakula chakula cha mchana. Niliweka kijiko chini nikaenda kuwaambia. Namba yake ya simu unayo?"

"Ninayo."

"Basi mpigie sasa. Usifikirie kitu kingine kwanza."

Alipiga. Simu iliita mara nyingi. Ilipopokelewa, nyuma ya sauti ya mwanamke kulisikika muziki na mashine za kukaushia nywele. "Habari za kazi, dada," karani alisema. "Ni hospitali. Hapana, si muhuri kwenye karatasi yako, muhuri upo..." Hapo sauti ikamkatika, na daktari akaichukua simu mkononi mwake.

Saa tisa daktari wa upasuaji alishuka mwenyewe, kofia ya kijani bado kichwani. Alisimama mbele ya Koma kama mwanafunzi.

"Mama, nisamehe. Nilisoma mstari wa mwisho tu."

"Wengi husoma huo tu, daktari," Koma alijibu, na hakikuwa kijembe.

Nyumbani wifi alikuwa uani akianika mashuka. Kaka yake alimwambia kwa sentensi tatu zilizogongana. Wifi alikaa pale pale juu ya ndoo iliyopinduliwa, shuka lenye maji mapajani, akalia mpaka gauni lote likalowa, haikujulikana kwa machozi au kwa shuka. Alipopata pumzi alikasirika.

"Na mimi nimeshawaambia wasichana wote wa bweni wakuombee!"

"Waache waendelee," Koma alimwambia. "Kuna mwingine."

Jumatano, siku ambayo angekuwa kitandani chini ya taa zao, Koma alirudi hospitali kuchukua karatasi mpya yenye sahihi ya daktari wa maabara. Alikuwa kwenye benchi la koridoni pale mlango wa chumba cha ushauri ulipofunguka, akatoka mwanamke mrefu aliyevaa vizuri, kucha zimekatwa fupi, harufu ya mafuta ya nywele ikimfuata. Alikuwa msusi. Mkononi alikuwa na bahasha. Alisimama katikati ya koridoni kama mtu ambaye ametokea mlango asioujua. Daktari wa maabara alitoka nyuma yake, akamwambia jambo, akamwonyesha benchi kwa mkono. Msusi alitembea taratibu mpaka mbele ya Koma.

"Wewe ndiye msomaji?"

"Ndiyo, dada."

"Waliniambia kuna mgonjwa mwenzangu aliyegundua. Nikasema nataka kumwona." Alikuwa hajakaa. "Jana nilikutukana. Usiku na leo njia nzima. Nilikuwa nimepona, unajua? Ijumaa nilifunga saluni mapema, nikawachukua wote pale kazini, tukaenda kula. Nilicheza mpaka viatu vikaniuma."

"Ulikuwa na haki ya kunitukana."

"Daktari anasema bado ni dogo. Anasema wiki ijayo. Anasema ningekuja baada ya miezi sita..." Hakumalizia. Alitazama dirisha, akarudisha macho. "Lile neno langu, ulikaa nalo siku ngapi?"

"Tano."

"Siku ya kwanza ulifanyaje?"

Koma angeweza kumwambia maneno ya ushujaa, na mwenzake angeyashukuru, yasingemsaidia. Alifikiri kwanza.

"Hakuna nilichofanya. Nilikaa kitandani na viatu miguuni mpaka jua likazama. Mume wangu akanivua kimoja, kingine nikavua mwenyewe. Halafu tukala. Nilidhani chakula hakitapita. Kilipita."

Msusi alicheka, kicheko kifupi kilichogeuka katikati kikawa kitu kingine. Alijifuta kwa kiganja. Koma alimwacha amalize, hakumshika, hakumwambia anyamaze.

"Karatasi wamekupa mpya?" alimuuliza baadaye.

"Wamenipa. Sijaifungua. Siwezi hata kuiangalia."

"Nipe mimi niiangalie."

Msusi alimpa bahasha. Koma alitoa karatasi, akaipitia peke yake kwanza, kimya, kutoka juu mpaka chini, kidole kikitangulia macho: namba, umri, tarehe, maelezo, hitimisho, sahihi. Alirudi juu akaipitia mara ya pili. Msusi alimtazama midomo ikicheza.

"Iko sawa safari hii?"

"Iko sawa. Kila herufi."

"Basi nisomee," msusi alisema. "Kwa sauti. Na kila neno uniambie maana yake, usiniruke hata moja."

Koma alisogea, msusi akakaa. Mabega yao yakagusana. Akaanzia juu kabisa, kwenye jina la msusi.